Huyo Simba Hakunguruma

Mteja wa tatu mwezi huu kaniletea mkanda wa milimita 16, wanyama wa mbugani wa miaka ya sitini, tuukatekate tupate filamu ya majaribio. Sharti lake moja: "Kaka, picha zichezee utakavyo, ila sauti ya asili usiiguse."

Sauti ipi? Kamera nyingi za porini enzi hizo zilitiwa ufunguo kama saa ya mezani. Bolex H16 ukiitia ufunguo inakwenda kama sekunde 28, kisha unatia tena, na sauti hainasi hata chembe. Ungeweka maikrofoni kando yake ungepata mlio wa springi. Tena lenzi ndefu humvuta simba aliye mbali. Ngurumo yake inabaki kulekule. Basi nyasi zile zinazochakarika na mfupa unaovunjwa viliwekwa studio, na watu waliokaa kitini. Mpaka leo, dubu anayekanyaga theluji kwenye televisheni huenda ni unga wa kastadi ndani ya soksi, mtu anaubinya.

Nami niitunze soksi hiyo kama urithi wa taifa! Kilichobandikwa hubanduka. Msanii Mmarekani Joseph Cornell, mwaka 1936, alichukua filamu ya msituni iliyotengenezwa Hollywood, akatupa mazungumzo yote, akaionyesha polepole kupitia kioo cha buluu. Ushauri wangu, wanaonijua wameuchoka: tazama mkanda mzima kimya, mara tatu, kabla hujashika mkasi. Mara ya tatu utaziona alama za matairi kwenye nyasi, zile ambazo msimulizi alikuwa anakuzuga usizione.

Wateja hunijibu: "Basi angalau picha ni za kweli." Mwaka 1958 Disney walionyesha lemingi, vipanya vya nchi za baridi, wakijitosa majini wenyewe. Walipigwa picha Alberta, Kanada, na walisukumwa. Filamu ikapata Oscar ya makala.

Au: "Za zamani hazina mwenyewe." Mjerumani Bernhard Grzimek, aliyeipiga picha Serengeti kutoka kwenye ndege yenye milia ya punda, alifariki 1987. Sheria ya hakimiliki ya Ujerumani huhesabu miaka 70 baada ya kifo. Piga hesabu mwenyewe, halafu andika barua ya kuomba ruhusa.

Na ile pinki mnayoiiga kwa filta, mkiita "rangi ya kizamani", ndiyo inayobaki rangi ya buluu-kijani inapofifia ndani ya mkanda. Simba wa 1965 alikuwa na rangi ya nyasi kavu, kama wa leo.