Japani walikuwa na Lufufu wao

Kila ninapofundisha historia ya sinema, hakosi mwanafunzi wa kuuliza kwa nini Japani ilichelewa kuingia kwenye filamu za sauti. Mwongozaji Yasujiro Ozu alitoa filamu yake ya kwanza ya kuzungumza mwaka 1936. Hollywood walikuwa wameshaachana na filamu bubu kufikia 1930 hivi. Wengi hujibu: pesa na mitambo. Sawa, lakini aliyekulia kwenye mabanda ya video ana jibu zuri zaidi.

Mkumbuke Lufufu, aliyekuwa akitusimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili, au DJ Afro kwa ndugu zetu wa Kenya. Ulikwenda kuangalia mapigano au kumsikiliza yeye? Japani mtu huyo aliitwa benshi. Alisimama kando ya pazia, akawasemea wahusika wote, mke na mume, jambazi na polisi, na katikati akachomeka maneno yake mwenyewe. Mwishoni mwa miaka ya 1920 walikuwepo zaidi ya 6,000, na benshi maarufu aliweza kujaza ukumbi kuliko mwigizaji. Picha ilikuwa bubu. Ukumbi haukuwa bubu hata siku moja.

Pigo lilikuja 1931. Kwanza filamu ya Marekani, Morocco, ilionyeshwa ikiwa na tafsiri ya Kijapani iliyoandikwa juu ya picha yenyewe. Kisha, mwezi Agosti, kampuni ya Shochiku ikatoa filamu ya sauti, Madamu to nyobo, ya mwongozaji Heinosuke Gosho. Mwandishi wa tamthilia anahangaika kumaliza kazi, makelele hayamwachi: watoto, paka, na jazi ya jirani. Werevu ulioje, kelele yenyewe kuifanya mhusika! Na sauti ilinaswa papo hapo wakati wa kupiga picha.

Benshi waligoma 1932. Mmoja wa viongozi wao alikuwa Heigo, kaka yake Akira Kurosawa, ambaye baadaye alikuja kuwa mwongozaji mashuhuri. Mgomo ulishindwa, na mwaka uliofuata Heigo alijiua.

Ozu, kwa upande wake, alikuwa amemwahidi mpigapicha wake, Hideo Mohara, kwamba atausubiri mtambo wa sauti ambao Mohara alikuwa akiutengeneza. Akasubiri kweli, wenzake wakimpita.

Musei Tokugawa, benshi mashuhuri kuliko wengi, alihamia redioni kusoma riwaya. Sauti ni ileile, pazia hakuna, na watu wakaendelea kumsikiliza.