Grandimasta wa sataranji: yanayosemwa na yaliyo kweli

Kila Jumamosi, kabla sijamaliza kupanga kete, lazima mzazi mmoja anivute pembeni. Juzi alikuwa mama wa mtoto wa miaka 9. "Mwalimu, huyu wangu ana kichwa, hesabu hakosi. Atakuwa grandimasta?" Nilimjibu kwa kifupi kwa sababu watoto walikuwa wananisubiri. Lakini swali lake lilistahili jibu refu, maana mambo mengi tunayoyaamini kuhusu magrandimasta, wachezaji wenye cheo cha juu kabisa katika sataranji, si kweli.

Dhana: Wamezaliwa na kumbukumbu ya ajabu

Mwaka 1973 watafiti wawili, William Chase na Herbert Simon, walimwonyesha masta mmoja ubao wenye kete zilizokaa kama katika mchezo halisi. Alipewa sekunde 5, kisha ubao ukafichwa. Alizirudisha mahali pake kete kama 16 hivi. Anayeanza kujifunza aliambulia 4. Kisha kete zikatawanywa ovyo, na hapo masta hakumzidi mwanafunzi.

Jicho lake halioni kete moja moja. Linaona mafungu: shaha (mfalme) aliyejibanza pembeni nyuma ya vitunda vitatu, zile kete ndogo za mbele, ngome mbili zilizopangana, jinsi wewe unavyosoma neno "karibu" bila kuhesabu herufi zake. Mafungu hayo yanaingia kichwani kwa kucheza na kurudia, miaka nenda miaka rudi.

Mfano ninaoupenda ni wa Miguel Najdorf, Myahudi wa Poland. Alikuwa Buenos Aires kwenye mashindano mwaka 1939 vita ilipoanza, akabaki Argentina. Mwaka 1947, mjini São Paulo, alicheza na watu 45 kwa pamoja bila kuutazama ubao hata mmoja, kwa zaidi ya saa 23, akashinda michezo 39. Watoto wangu hushangaa hiyo namba. Mimi hunigusa sababu yake: alitumaini habari itafika Poland, na kama kuna ndugu aliyesalimika, ajue yeye yu hai na yuko wapi. Mkewe, mtoto wake, wazazi na ndugu zake walikuwa wameshauawa.

Dhana: Ukimshinda bingwa fulani unapewa cheo

Cheo hiki hutolewa na FIDE, shirikisho la sataranji la dunia, ambalo mwaka 1950 lilitangaza magrandimasta wa kwanza 27, Najdorf akiwemo. Leo unahitaji kufikisha alama 2500 za Elo, kipimo cha nguvu ya mchezaji, na juu yake "nomu" tatu, yaani katika mashindano kadhaa uwe umecheza kwa kiwango cha alama 2600. Kwa kawaida kila nomu ni michezo 9 au zaidi, na miongoni mwa wapinzani wako wawemo magrandimasta wasiopungua watatu.

Hapo ndipo penye kazi kwa mtoto wa kwetu. Magrandimasta watatu atawapata wapi Dar es Salaam au Mombasa? Lazima asafiri: tiketi, viza, hoteli ya siku tisa. Akikosa nusu pointi tu, anarudi bila nomu, na nauli imekwisha. Nasema haya kwa uchungu, kwa sababu nimewaona vijana wakiishia hapo, si kwa kukosa akili bali kwa kukosa wa kucheza naye.

Jirani yetu Amon Simutowe wa Ndola, Zambia, alishika nafasi ya pili duniani kwa vijana mwaka 2000. Cheo cha ugrandimasta alikipata rasmi 2009. Miaka tisa! Kuna njia nyingine, ya kutwaa ubingwa wa Afrika. Kenny Solomon wa Afrika Kusini aliupitia mlango huo mjini Windhoek mwaka 2014.

Dhana: Grandimasta ni tajiri

Wachache, ndiyo. Mwaka 2024 Gukesh wa India na Ding Liren wa China walicheza fainali ya dunia kule Singapore kwa dola milioni 2.5, wakagawana. Wengine wengi wanaishi kwa kufundisha, kuandika, kurusha michezo mtandaoni, au kuchezea klabu za ligi kama ile ya Ujerumani.

Dhana: Lazima uache shule

Bassem Amin wa Misri, Mwafrika wa kwanza kuvuka alama 2700, ni daktari wa binadamu. Miongoni mwa magrandimasta wengine, Mark Taimanov alikuwa mpiga piano wa kutumbuiza kumbini, Wolfgang Unzicker alikuwa jaji, na John Nunn ana udaktari wa falsafa katika hisabati kutoka Oxford.

Lakini sitamficha mama yule upande wa pili. Gukesh aliacha shule ya kawaida baada ya darasa la nne, na baba yake, daktari mpasuaji, aliweka kazi kando ili asafiri naye. Mtoto akawa bingwa wa dunia akiwa na miaka 18. Familia nzima ndiyo iliyobeba mzigo ule, na mzigo huo ungeweza kuwaangukia.

Dhana: Ni mchezo wa kukaa tu, na wa wavulana

Anatoly Karpov na Garry Kasparov walianza kuwania ubingwa wa dunia Septemba 1984. Baada ya miezi mitano na michezo 48, pambano lilisimamishwa, Karpov akiwa amekonda vibaya. Kuhusu wavulana, Judit Polgár wa Hungaria alipata cheo mwaka 1991 akiwa na miaka 15, akaivunja rekodi ya Bobby Fischer ya kuwa grandimasta mwenye umri mdogo kuliko wote. Wala si lazima uwe mtoto: Maurice Ashley, mzaliwa wa Jamaika, alikipata akiwa na miaka 33.

Yule mama nilimwomba kitu kimoja tu: amnunulie mwanawe daftari la kuandikia michezo yake, hasa aliyoshindwa. Jumamosi hii mtoto alikuja nalo, kurasa nne zimejaa. Hatua ya 23 ameizungushia duara kwa kalamu nyekundu, na pembeni ameandika: "Hapa nilitamani malkia, sikuona farasi."