Nyumba safi hukinga bomu? Maswali na majibu kuhusu filamu ya 1954

Filamu hiyo inaonyesha nini?

"The House in the Middle" ni filamu fupi ya idara ya ulinzi wa raia ya Marekani. Kwenye uwanja wa majaribio ya nyuklia jangwani Nevada vimejengwa vijumba vitatu vya mbao. Vya pembeni vimechakaa. Cha katikati kimepakwa rangi nyeupe na uwanja wake hauna takataka. Bomu linalipuliwa, joto linafika, vya pembeni vinawaka, cha katikati kinabaki kimesimama. Ujumbe kwa familia: mchafu kajitakia. Filamu iliandaliwa kwa ushirikiano na kampeni ya usafi na upakaji rangi iliyoungwa mkono na wafanyabiashara wa rangi, kwa hiyo usishangae brashi kuibuka shujaa.

Kuna ukweli wowote?

Upo, kidogo. Rangi nyeupe huakisi joto, na magazeti na majani makavu hushika moto upesi. Lakini mlipuko una pia wimbi la hewa linalobomoa nyumba, na mionzi haijali kama umedeki.

Rangi yenyewe ilikuwa salama?

Hili filamu haikuligusa, nami naliona kubwa kuliko bomu. Rangi nyingi za nyumba za enzi hizo zilikuwa na madini ya risasi. Marekani ilizipiga marufuku majumbani mwaka 1978. Rangi ya aina hiyo ikizeeka hubanduka, hasa dirishani na mlangoni panaposuguana kila siku. Vumbi lake hutua sakafuni, mtoto anayetambaa analishika, kisha vidole mdomoni. Risasi hudhuru ubongo unaokua: mtoto hupata shida kujifunza na kutulia. Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango kinachojulikana kuwa salama. Na mara nyingi mtoto haonyeshi dalili yoyote.

Kwangu kuna rangi ya zamani inayobanduka. Nifanyeje?

Usiikwangue ikiwa kavu, wala usiichome. Vumbi liondoe kwa kitambaa kibichi. Ufagio mkavu hulirusha hewani. Watoto wanawe mikono kabla ya kula. Wakati wa ukarabati, wao na mama mjamzito wakae kwingine. Ukinunua rangi mpya, soma kopo uhakikishe haina risasi. Ukiwa na wasiwasi kuhusu mtoto, mpeleke kwa daktari: kipimo cha damu ndicho kitakachoonyesha.