Kimulimuli hana kaa la moto
Wengi wetu tuliambiwa utotoni kwamba kimulimuli hubeba kaa la moto mkiani, na waliosoma kidogo wakasema ni fosforasi inayowaka. Yote mawili si kweli. Katika pingili za mwisho za tumbo lake mna kiungo chenye seli zinazohifadhi kemikali iitwayo lusiferini, ambayo, ikichochewa na kimeng'enya (protini inayoharakisha mabadiliko ya kikemikali) kiitwacho lusiferasi na kupewa nishati, huungana na oksijeni na kutoa mwanga usio na joto la kuhisika; mweke kiganjani uone, hakuunguzi. Nyuma ya seli hizo kuna tabaka jeupe linalorudisha mwanga nje, kama kile kioo cha ndani ya kurunzi. Kiungo hicho humtumikia hasa katika kutafuta mwenzi.