Arabizi si kibodi

Mtu akiuliza namna ya kuandika Kiarabu kwa kibodi ya Kiingereza, hakosi wa kumjibu: "Tumia Arabizi, ndiyo kibodi ya fonetiki." Siyo, na anayefuata jibu hilo hatapata alichokiuliza.

Kibodi ya fonetiki ni mpangilio wa vitufe unaouwasha kwenye mashine yako. Unabonyeza S, kwenye kioo inatoka س. Unabonyeza B, inatoka ب. Imewekwa kwa ajili ya waliozoea vitufe vya Kilatini, maana kwenye mpangilio wa kawaida wa Kiarabu wa Windows kitufe cha A hutoa ش, na alifu imejificha kwenye H. Maana yake ni hiyo tu.

Arabizi haina herufi ya Kiarabu hata moja. Ni Kiarabu cha mazungumzo kilichoandikwa kwa herufi za Kilatini na tarakimu: 3 kwa ع, 7 kwa ح, 2 kwa hamza (ء, mkato wa sauti kooni), kwa sababu zinafanana kwa umbo. Jina limeunganishwa kutokana na "arabi" na "inglizi"; Wamisri wengi huiita Franko. Ilivuma miaka ya 1990, kwenye vyumba vya soga na simu ambazo hazikujua Kiarabu. Hata simu zilipokijua, SMS moja ilibeba herufi 70 tu za Kiarabu, ilhali za Kilatini ilibeba 160, na anayelipia kila ujumbe hujifunza hesabu upesi.

Sasa chukua neno قلب (qalb), moyo. Kijana wa Cairo au Beirut huandika 2alb, kwa kuwa kinywani mwake ق imegeuka hamza. Wa Ghuba ataandika galb, wa Morocco 9elb. Wote watatu wako sawa, maana Arabizi hufuata kinywa. Lakini wape hao hao kibodi ya fonetiki, na wote lazima watafute kitufe cha ق, watamke watakavyo. Kibodi hiyo, pamoja na jina lake, hufuata imla, yaani namna neno linavyoandikwa. (Waliolichagua jina "fonetiki" wametutia taabuni bure.)

Hapo ndipo sisi wa Kiswahili tunapoteleza zaidi. Tuna habari, haki na hewa, maneno yote matatu yenye asili ya Kiarabu, na yote tunayaanza kwa H ile ile. Kwa Kiarabu la kwanza lina خ, la pili ح, la tatu ه. Mpangilio mmoja wa fonetiki, wa Buckwalter, uliobeba jina la mwanaisimu Tim Buckwalter, unazitenga hivi: x ni خ, H kubwa ni ح, h ndogo ni ه. Anayebonyeza kwa kufuata sikio la Kiswahili atajaza ه kila mahali kisha aseme kibodi imeharibika. Haijaharibika, inasubiri aijue herufi anayoitaka.

Kuna na kitu cha tatu, programu za kugeuza kama Yamli, iliyotoka 2007. Humo unaandika mar7aba nayo inakupendekezea مرحبا. Inakisia, nawe unachagua. Nadhani mkanganyiko mwingi umezaliwa hapa, kwani mtumiaji anaingiza Arabizi na kupata maandishi ya Kiarabu, akaona yote ni chombo kimoja. Wapo hata wanaoiita kazi hiyo tafsiri, ilhali neno limebaki Kiarabu vile vile na kilichobadilika ni herufi.

Kwa hiyo ndugu yangu unayetafuta pa kupakua "kibodi ya Arabizi", pumzika. Hakuna cha kupakua: kibodi unayoandikia Kiswahili ina 3 na 7 tayari. Ukitaka herufi zenyewe za Kiarabu, fungua mipangilio ya lugha, ongeza Kiarabu, kisha tazama kama mashine yako inatoa mpangilio wa fonetiki.