Moros y cristianos: wali unaoiva kwa maji ya maharage

Ukipika wali mweupe kwenye sufuria moja na maharage kwenye nyingine, kisha ukavichanganya kwenye sinia, umepata wali na maharage, chakula kizuri ambacho wengi wetu tumekulia. Moros y cristianos bado hujaipata. Katika pishi hili la Kuba mchele haupikwi kwa maji matupu. Unaiva kwa maji yaleyale yaliyochemshia maharage, meusi, mazito kiasi, yaliyokwisha kukolea chumvi na viungo. Nafundisha mapishi ya visiwa vya Karibiani, na swali ninaloulizwa kuliko yote ni kwa nini wali wa mtu umetoka na rangi ya kijivu, hauna ladha, ingawa viungo vyote vimo. Karibu kila mara jibu ni hilohilo: maji ya maharage yalimwagwa.

Aliyewahi kupika mseto wa mchele na choroko ana nusu ya ujuzi huu tayari, maana ameshazoea kuviivisha viwili hivyo ndani ya chungu kimoja. Nusu iliyobaki ni kwamba mseto unaruhusiwa kuwa laini, lakini wali huu wa Kuba lazima uchambuke, punje moja moja, na harage liwe zima. Wakuba wanaupima wali wao kwa kuchambuka, sawa na bibi zetu wa pwani. Ukitoka bokoboko hausemwi vizuri.

Jina la pishi linawataja Wamoor, Waislamu waliotawala sehemu ya Hispania, na Wakristo, yaani harage jeusi na mchele mweupe, kumbukumbu ya vita vya karne nyingi huko Hispania vilivyoisha Granada ilipoanguka mwaka 1492, mwaka uleule Columbus alipofika Kuba. Ukienda upande wa mashariki wa kisiwa, Santiago de Cuba na Guantánamo, na ukaagiza congrí, utaletewa wali wa maharage mekundu. Eneo hilo lilipokea maelfu ya watu kutoka Saint-Domingue, Haiti ya leo, baada ya watumwa wa huko kuasi kuanzia mwaka 1791, na mpaka leo Wahaiti wanapika diri kole, wali wa maharage ulio ndugu kabisa wa congrí. Havana mambo yamechanganyika: wengi huita congrí hata ule wa maharage meusi, na hakuna anayegombana. Ninaoueleza hapa ni ule mweusi.

Basi tuanze na harage lenyewe. Unatafuta maharage meusi madogo, meusi tii nje na meupe ndani. Wasomaji wa Kenya, tafadhali msitumie njahi. Ni jamii nyingine kabisa, ladha yake ni nzito na maji yake hayatoi rangi tunayoitaka. Ukikosa meusi, pika congrí ya mashariki kwa maharage mekundu madogo, kama yale yanayoitwa Wairimu sokoni Nairobi, nawe utakuwa umepika chakula halali cha Santiago, si cha kubahatisha. Muulize muuzaji kama ni ya msimu huu. Maharage yaliyokaa ghalani muda mrefu, hasa penye joto na unyevu, hugoma kuiva hata uyachemshe mchana kutwa, na yakigoma utaongeza maji, maji yatakuwa mepesi, na pishi litakuwa limeharibika kabla hujamenya kitunguu.

Kwa watu sita, kikombe kimoja cha maharage, gramu 200 hivi, kinatosha vikombe viwili vya mchele. Chambua, osha vizuri, kisha loweka usiku kucha. Hapa nasisitiza kuosha kabla ya kuloweka, kwa sababu maji ya kulowekea maharage meusi hatuyamwagi. Rangi nyeusi ya ganda ni ya aina inayoyeyuka kwenye maji, na kufikia asubuhi sehemu yake nzuri imeshatoka. Wapishi wengi wa Kuba huchemsha kwa maji hayohayo. Najua sisi tumefundishwa kuyamwaga ili kupunguza gesi tumboni, na ni kweli kuyamwaga kunapunguza. Ukiwa na mgonjwa wa tumbo nyumbani, mwaga, ukubali wali utakuwa wa kahawia hafifu. Kwa maharage mekundu nasema mwaga bila kujadili. Yakiwa mabichi yana sumu ya asili inayoumiza tumbo vibaya, na sehemu yake hutoka kwenye maji hayo. Kinachoimaliza ni moto mkali: yawe mekundu au meusi, yatokote kwelikweli kwa dakika 10 au zaidi ndipo upunguze moto. Usiyaache yaive polepole tangu mwanzo kwenye sufuria ya umeme ya moto mdogo, kwa sababu joto lake laweza lisifike pa kuiondoa.

Chemsha kwa lita moja na nusu ya maji, pamoja na jani moja la bay, nusu ya pilipili hoho na nusu ya kitunguu, vyote bila kukatakata ili uvitoe baadaye. Usitie magadi. Naelewa kwa nini tunayatia kwenye makande, kuni na mkaa ni ghali na magadi yanalainisha haraka. Lakini hapa maji ndiyo chakula, na magadi huyabadilisha rangi, huyatia ladha ya sabuni, na huyavua maharage maganda. Nyanya nazo, pamoja na siki au limau, zikae mbali kwa sasa, kwani uchachu huchelewesha harage kulainika. Chumvi kidogo haina shida.

Simamisha moto wakati harage linabonyea ukilifinya kwa vidole lakini halijapasuka. Liwe limepungukiwa kidogo na ulaini unaoupenda, kwa sababu litakaa ndani ya wali kwa zaidi ya nusu saa nyingine. Kwenye sufuria ya kawaida hesabu saa moja au zaidi. Kwenye presha kuka, kwa maharage yaliyolowekwa, dakika 10 hadi 15. Presha kuka imo katika nyumba nyingi za Kuba, na kuna sababu. Mwaka 2005 serikali ilianza kampeni ya nishati iliyoitwa Revolución Energética, ikasambaza majumbani presha kuka na masufuria ya umeme ya kupikia wali ili watu waache kupikia mafuta ya taa. Mchele na maharage vyenyewe vimo kwenye libreta, kitabu cha mgao wa chakula, tangu mwaka 1962. Ndiyo maana pishi hili ni la kila jikoni, la mwenye nacho na asiye nacho.

Sasa chuja. Weka maharage kando, na maji yake uyapime. Unahitaji vikombe vitatu kwa vikombe viwili vya mchele. Yakipungua, ongeza maji ya moto kidogo. Yakizidi, yachemshe yapungue. Usikisie hapa. Wali wa kawaida unaweza kuukadiria kwa kidole, lakini hapa maharage yaliyolowa na viungo vya kukaanga vinaongeza unyevu wao, na kidole hakivioni.

Kinachofuata ni sofrito, kitunguu, saumu na hoho vya kukaanga vinavyobeba karibu kila chakula cha Kuba. Kwa mkono wa Havana, mafuta yake ni ya nguruwe: vipande vya mafuta au nyama yake ya kukaushwa kwa moshi vinakaangwa taratibu mpaka vitoe uto, kisha mengine yote yanakaangwa humo. Wasomaji wangu wengi hawali nguruwe, na nawaambia kwa uhakika kwamba pishi halivunjiki. Katika miaka ya 1990, baada ya Umoja wa Kisovyeti kusambaratika na Kuba kuingia katika dhiki wanayoiita Período Especial, nyama ilikuwa adimu na watu waliendelea kupika congrí kwa mafuta waliyoyapata. Mimi natumia vijiko vinne vikubwa vya mafuta ya alizeti, na nikipata nyama ya ng'ombe iliyokaushwa kwa moshi naikatakata ndogo na kuitanguliza.

Kitunguu maji kimoja kikubwa na hoho ya kijani moja, vyote vidogovidogo, vikaangwe kwa moto wa wastani mpaka vilainike na kuanza kuwa tamu, bila kuungua. Punje tano za kitunguu saumu zilizopondwa zifuate, kisha kijiko kidogo cha bizari nyembamba iliyosagwa, ile ambayo Kenya huitwa jira, na kijiko kidogo cha oregano kavu. Wakuba wana pilipili yao ndogo ya mviringo, ají cachucha, yenye harufu kali ya pilipili lakini isiyowasha. Huku kwetu sijaiona sokoni. Lakini iko ukoo mmoja na pilipili mbuzi, na harufu zao ni za ndugu, kwa hiyo natumbukiza pilipili mbuzi moja nzima, yenye kikonyo chake, kwenye maji ya maharage yanapochemka, na kuitoa kabla haijapasuka. Harufu inabaki, ukali hauingii. Jambo hili dogo ndilo lililoupeleka wali wangu karibu zaidi na ule nilioula kwa wenyeji kuliko kiungo kingine chochote.

Nyanya haimo. Nazi pia haimo, na hili nalieleza taratibu kwa sababu najua mkono wa mpishi wa pwani unavyoielekea. Wali wa maharage mekundu kwa tui ni pishi kamili la Jamaika, na nalipenda sana. Lakini tui hufunika bizari na kuyafanya maji meusi yawe ya zambarau yenye maziwa. Siku ya kupika moros, pumzisha mbuzi ya kukunia.

Osha mchele mpaka maji yatoke karibu safi, uchuje vizuri, uutie kwenye sofrito na uugeuze kwa dakika mbili hivi mpaka kila punje ing'ae mafuta. Mafuta hayo ndiyo yanayozuia punje kushikana. Chagua mchele wa punje ndefu usio na harufu kali. Mchele wa Kyela au pishori ya Mwea ni fahari yetu, lakini harufu yake hushindana na bizari na oregano, na wewe unataka maharage yasikike.

Tia maharage, tia vile vikombe vitatu vya maji yake yakiwa ya moto, kisha onja. Hapa ndipo pa kuamua chumvi, maana baadaye huna nafasi. Maji yawe yamezidi chumvi kidogo mdomoni, kwa kuwa mchele utainywa yote na kuituliza. Ongeza kijiko kikubwa kimoja cha siki. Maharage yameshaiva, haiwezi kuyagomesha tena.

Moto uwe mkali, sufuria wazi, mpaka maji yashuke usawa wa mchele na vitundu vianze kujitokeza juu. Geuza mara moja tu, funika kwa mfuniko unaobana, teremsha moto mpaka chini kabisa, na uache dakika 20 hadi 25. Mwenye jiko la mkaa apunguze makaa chini na kupalia juu ya mfuniko. Usifunue kuchungulia, usikoroge. Ukikoroga unapasua maharage, unga wake unatoka, na hapo ndipo bokoboko linapoanzia. Zima moto, acha dakika 10 nyingine bado umefunikwa, kisha nyunyiza kijiko kimoja cha mafuta ya zeituni na uchambue kwa uma, ukiinua kutoka pembeni.

Chini utakuta ukoko. Kuba wanauita raspa, na unagombewa huko kama unavyogombewa huku.

Meza yake kubwa zaidi ni ya usiku wa tarehe 24 Desemba, Nochebuena, ambapo wali huu hukaa kando ya nguruwe wa kuokwa na muhogo uliochemshwa na kumwagiwa mojo, mchuzi wa saumu, mafuta ya moto na maji ya machungwa machungu. Siku za kawaida unatosha kwa ndizi mbivu za kukaanga, na mzuzu wetu unafaa sana, pamoja na vipande vya parachichi vyenye chumvi na kitunguu kibichi. Mwenye muhogo nyumbani asikose kujaribu mojo: limau na chungwa vikichanganywa nusu kwa nusu vinashika nafasi ya machungwa machungu vizuri kabisa.

Ukibaki, usiuache jikoni mpaka asubuhi. Wali uliopikwa huotesha vijidudu ambavyo sumu yao haiondoki kwa kupashwa moto, kwa hiyo utandaze upoe upesi na uutie kwenye friji ndani ya saa mbili. Kesho yake upashe na kijiko cha maji, sufuria ikiwa imefunikwa, mpaka utoe mvuke kotekote, uweke yai la kukaanga juu, na hicho ni chakula cha mchana kilichokamilika.