Faili ya DLL imekosekana? Usikimbilie kuipakua

Kompyuta ya ofisi imebadilishwa. Programu ya zamani ya uhasibu au ya kuchora michoro, iliyofanya kazi miaka mingi bila kelele, inahamishiwa kwenye mashine mpya. Inabofywa, na badala ya kufunguka inatoa kisanduku cha ujumbe: programu haiwezi kuanza kwa sababu MSVCP140.dll haipo. Wengi hapo huandika jina hilo kwenye intaneti, hupakua faili kutoka tovuti yoyote inayojitokeza, kisha huibandika ndani ya folda ya Windows. Sisi wa kitengo cha TEHAMA huwaomba watu wasifanye hivyo, na sababu zipo.

Faili ya .dll ni maktaba ya pamoja, yaani fungu la msimbo lisilojiendesha lenyewe, linalosubiri kuitwa na programu. Programu haibebi ndani yake kila amri ya kuchora dirisha, kutuma karatasi kwa printa au kupanga tarehe. Mengi huyaazima humo. Windows ilijengwa kwa mtindo huu tangu toleo lake la kwanza la mwaka 1985, wakati kumbukumbu ya kompyuta ilipohesabiwa kwa kilobaiti na kurudia msimbo uleule katika kila programu ilikuwa ni anasa. Linux ina faili zake za .so, na kompyuta za Apple zina .dylib. Hata ndani ya Windows, faili za .ocx zinazotumiwa na programu nyingi za Visual Basic, lugha ya Microsoft ya kuandikia programu, ni DLL hizo hizo kwa kiishio kingine.

Kuazima kuna ugomvi wake. Katika miaka ya 1990 kila programu iliposakinishwa ilimwaga maktaba zake kwenye folda moja ya mfumo. Ikikuta faili yenye jina lilelile, pengine iliifuta na kuweka toleo lake, hata kama lake lilikuwa kuukuu zaidi. Unasakinisha programu ya pili leo, ya kwanza inakufa kesho, na hakuna anayeona uhusiano. Mafundi wa zama hizo waliiita jehanamu ya DLL, na hawakutia chumvi. Windows 2000 ilianza kulinda faili za mfumo kwa kurudisha zile halisi zilipobadilishwa. Windows XP ya mwaka 2001 ikaja na folda ya WinSxS, ambamo matoleo tofauti ya maktaba moja hukaa pamoja bila kugombana. Folda hiyo huonekana kubwa kupita kiasi. Usiingie humo kufuta vitu kwa mkono.

Turudi kwenye ujumbe wetu, kwa maana jina la faili lenyewe hutoboa siri nyingi. Katika MSVCP140.dll, herufi MSVC ni Microsoft Visual C++, zana ya kutengenezea programu kwa lugha ya C++, P ni maktaba sanifu ya C++, na 140 ni toleo la 14.0. Kwa hiyo faili hiyo si ya programu yako hata kidogo: ni ya kifurushi cha Visual C++ ambacho Microsoft hukitoa bure, na ukikisakinisha chote, faili na ndugu zake kama VCRUNTIME140.dll huja pamoja. MFC42.dll nayo ni ya toleo la 4.2 la MFC, maktaba ya Microsoft ya kujengea programu za Windows. MSVBVM60.dll ni ya Visual Basic 6, iliyotoka mwaka 1998, na Windows bado huja nayo. Lakini ukiona VBRUN300.DLL, tulia kwanza. Hiyo ni ya Visual Basic 3, kwa programu za biti 16 za enzi ya Windows 3.1, na Windows ya biti 64 haiendeshi kabisa programu za namna hiyo. Utatafuta faili hiyo usiku kucha, utaipata, na programu haitafunguka. Hapo dawa ni kompyuta pepe, yaani kompyuta inayoigizwa na programu ndani ya kompyuta yako, yenye Windows ya wakati wake.

Biti, yaani upana wa data ambayo programu na kompyuta hushughulikia kwa mkupuo mmoja, ndizo zinazowachanganya watu kuliko jambo lingine lolote. Programu ya biti 32 hutaka maktaba za biti 32, hata ikiwa kompyuta ni ya biti 64. Sasa sikia kituko: kwenye Windows ya biti 64, folda iitwayo System32 ndiyo yenye faili za biti 64, na zile za biti 32 zimewekwa SysWOW64. Majina yamekaa kinyume kabisa na akili ya kawaida, na ndiyo maana faili iliyobandikwa kwa kubahatisha huishia mahali pasipo pake. Mara nyingi matokeo yake ni kosa la 0xc000007b, ambalo wengi hudhani ni kirusi. Kwa programu kongwe, kifurushi cha Visual C++ unachohitaji kwa kawaida ni kile chenye alama x86 (biti 32), si x64 (biti 64).

Hatari ya usalama nayo si ya kufikirika. DLL ikishaitwa huendeshwa kwa mamlaka yote ya programu iliyoiita, na programu haiulizi faili imetoka wapi mradi jina linalingana. Stuxnet, kirusi kilichogunduliwa mwaka 2010, kilitumia mwanya huu huu: kilibadilisha jina la s7otbxdx.dll ya Step 7, programu ya Siemens ambayo wahandisi huitumia kupanga kazi za mitambo ya viwandani, kikaweka ya kwake yenye jina la ile halisi, na wahandisi wakawa wanaonyeshwa yale ambayo kirusi kilitaka waone. Tovuti za DLL za bure hukuomba ufanye kazi hiyo kwa mikono yako mwenyewe.

Basi fanya nini? Sakinisha upya programu kutoka nakala yake halisi. Angalia kama antivairasi haikuiweka faili kizuizini, jambo linalozipata sana programu za zamani. Amri ya sfc /scannow, inayoandikwa kwenye dirisha la amri la Windows, hurekebisha faili za Windows tu. Usitarajie irudishe maktaba ya mtengenezaji mwingine. Na programu nyingine ikiondolewa na kuuliza kama ifute faili za pamoja, jibu hapana. Faili isiyo na mwenyewe hula nafasi kidogo tu, ilhali iliyofutwa kimakosa huangusha programu nyingine.

Ikiwa kompyuta ya zamani bado inawaka, una bahati. Endesha programu yako humo, fungua Process Explorer, zana ya bure ya Microsoft, nayo itakuonyesha kila DLL inayotumiwa na programu hiyo, toleo lake na folda inamokaa. Hifadhi orodha hiyo pamoja na kisakinishi na namba ya leseni, kabla mashine haijapelekwa stoo.